Namba ya Wanaorudi

Mbithe hakuwa mwongo. Ungeuliza mtaa wote wa Baba Dogo wa miaka hiyo, kuanzia akina mama wa sokoni hadi wazee wa kanisa, wangekuambia kwamba Mama Koki, kama walivyomwita, akisema Jumanne ni Jumanne. Lakini kwa miaka mitano, katika chumba cha kumbukumbu cha hospitali ya misheni alikokuwa karani, aliandika uongo wa aina moja, kwa mwandiko mzuri wa shule ya zamani, na kila jioni akaenda zake nyumbani akiwa na moyo mweupe.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Mgonjwa akishatibiwa, faili lake lilishuka kwa Mbithe. Daktari alikuwa ameandika maneno, tena maneno ya kuparurwa kama kuku amepita juu ya karatasi. Mbithe aliyasoma, akafungua kitabu kinene chenye namba za maradhi yote ya dunia, akatafuta namba inayofaa, akaiandika pembeni kwa wino mwekundu. Malaria ina namba yake, kung'atwa na mbwa kuna namba yake. Aliyeumia alipewa mbili, moja ya jeraha lenyewe na nyingine ya jinsi alivyolipata. Aliyekunywa kitu kibaya kwa bahati mbaya alikuwa na namba yake, na aliyekinywa kwa kukusudia alikuwa 950. Akirudi kliniki kwa madhara yaliyobaki, namba ya marejeo ilifuata ile ya kwanza: wa ajali aliandikwa 929, na aliyejidhuru mwenyewe 959.

Mwaka wa 1979, kitabu kikiwa bado kinanuka gundi, alishushiwa faili la kijana mmoja aitwaye Shitanda, mlinzi wa ghala. Daktari aliandika alichoona, na Mbithe akaandika 950 bila wasiwasi, kama mtu anavyoandika bei ya sukari. Siku zile sheria ilisema aliyejaribu kujiua akashindwa ana kesi ya kujibu. Askari alipita dirishani akaomba daftari, akashusha kidole kwenye safu ya wino mwekundu, na baada ya nusu saa Shitanda alikuwa amefungwa pingu kwenye chuma cha kitanda, dripu ikiwa bado mkononi. Wiki ya pili mama yake alikuja dirishani. Hakupiga kelele. Aliuliza tu kama ni yeye aliyeandika, Mbithe akasema ndiye, na yule mama akamtazama sana kisha akaenda.

Tangu siku hiyo Mbithe hakuiandika tena namba ile. Daktari aandike apendavyo, faili likifika kwake linakuwa ajali. Habari hizo hazikupigiwa tarumbeta, lakini akina mama wa mitaani wana redio yao. Walikuja dirishani mmoja mmoja, leso zimefungwa vizuri, wakanong'ona: Mama Koki, mwanangu alikosea chupa. Mbithe alitikisa kichwa na kusema pole. Hakupokea hata ndizi ya mtu. Madaktari walikuwa wawili kwa wagonjwa mia mbili, nani angerudi kukagua wino wa karani? Alijiona amesimama mlangoni akiwakinga watoto wa watu, na tuseme ukweli, baadhi yao aliwakinga kweli.

Halafu likaja faili la Koki.

Ilikuwa 1982, saa nne asubuhi. Koki alikuwa na miaka kumi na minane, amemaliza shule, ameajiriwa kiwanda cha sweta hapo hapo Baba Dogo. Alichokunywa hakitajwi hapa. Asiyekijua hana haja ya kukijua. Aliyemkuta ni Mbeti, jirani yao wa ukuta kwa ukuta, aliyeuza sukuma wiki na viazi. Mbeti alimwaga viazi vyake barabarani, akamlaza msichana juu ya mkokoteni, akausukuma mwenyewe hadi hospitalini, kanga imemdondoka njiani. Mbithe hakujua lolote. Alikuwa mezani pake akinywa chai alipoletewa rundo la faili, na la tatu kutoka juu lilikuwa na jina la mtoto wake.

Alilisoma lote. Daktari alikuwa ameandika wazi kwamba msichana amesema amekusudia. Akachovya kalamu. Aliandika ajali, akapuliza wino ukauke, ndipo akakimbia wodini.

Koki alipona, kwa jinsi alivyopona. Koo lake lilibaki na makovu yaliyokuwa yakijikaza, ikabidi kila Jumatatu ya kwanza ya mwezi aende kliniki ya koo likapanuliwe, kazi inayouma isivyoelezeka. Nyumbani tukio lile lilipewa jina: ile ajali. Nyamai, baba yake, dereva wa lori la masafa marefu, aliporudi kutoka safari alielezwa kwamba mtoto alikosea chupa. Akawalaani watu wanaotia vitu vya sumu kwenye chupa za soda, akazitupa chupa zote za nyumba ile pipani, akalala usingizi wa dereva. Mbithe naye alimpenda bintiye kwa mikono. Alimchujia uji mara mbili, akampondea viazi na maharagwe hadi vikawa laini, akamkamulia papai kwenye kitambaa. Kila aina ya chakula aliiuliza kama inapita. Kama kuna jambo jingine lililokuwa limekwama humo ndani, hilo hakuliuliza.

Na kila Jumatatu ya kwanza ya mwezi, karatasi ya kliniki ya koo ilishuka mezani pake, naye akaandika 929. Mara ya kwanza aliumia. Mara ya kumi hakusikia kitu.

Mwaka wa 1983 alikuja hospitalini muuguzi mmoja wa Eastleigh, Anab, mwanamke mrefu mwenye sauti ya chini. Aliomba chumba, akapewa chumba namba saba kilichokuwa stoo ya mashuka. Kila Alhamisi alikaa humo na watu waliojidhuru, wale wanaorudi. Hakuwapa dawa nyingi. Aliwauliza, akawasikiliza, na asiyekuja alifuatwa nyumbani kwake na Anab mwenyewe kwa miguu. Kamati ya hospitali ilimpa mwaka mmoja wa majaribio. Orodha ya watu wake ilitoka chumba cha kumbukumbu: kila mwenye 950 au 959 alipelekewa barua. Mwenye namba nyingine, chumba namba saba hakimhusu.

Mwezi wa Juni 1984 Anab alishuka kwa Mbithe akiwa na karatasi mkononi. Mwaka wa majaribio ulikuwa unaisha. Kamati ilikuwa imetazama takwimu, na takwimu zilisema kwamba Eastlands nzima, pamoja na viwanda vyake na vyumba vyake vya kukodi vilivyojaa vijana, ilikuwa na watu watatu tu waliojidhuru, wale walioandikwa na karani mwenzake Mbithe akiwa likizo. Kwa watu watatu, walisema, chumba kirudi kuwa cha mashuka.

"Mama Koki, wodini nawaona kwa macho yangu," Anab alisema. "Kwenye hesabu yako hawapo. Wanapotelea wapi?"

Hakuwa anamshutumu. Aliuliza kama mtu aliyechoka anavyomuuliza rafiki njia. Mbithe alijibu kwamba ataangalia. Mlango ulipofungwa alikaa chini kwenye sakafu, katikati ya makabati, mama mzima mwenye sketi ya kazi, na kwa mara ya kwanza aliona alichokuwa amekifanya. Aliwaficha askari asiwaone, na kumbe aliwaficha wasionwe na mtu yeyote, hata na yule aliyekuja kuwatafuta kwa wema. Waliosema mficha maradhi kifo humfichua hawakufikiria kwamba kuna siku maradhi yatafichwa na karani.

Alifanya kazi siku mbili. Alitoa faili moja moja. Kanuni ya kusahihisha ni kwamba kosa halifutwi. Unalipiga mstari mmoja ili lisomeke bado, unaandika lililo sahihi juu yake, unatia sahihi na tarehe. Alipata faili kumi na tisa. Alisahihisha kumi na nane. Katibu wa hospitali, Bwana Gichuru, alimpigia kelele nusu saa nzima kwa uzembe wa kunakili, naye akazipokea kelele hizo kama mvua. Anab alikuwa amemhakikishia kwamba mganga mkuu amekubali: faili za chumba namba saba zitafungiwa kabatini, na askari hataonyeshwa chochote bila karatasi ya mahakama. Mbithe aliiamini ahadi hiyo kwa ajili ya watoto wa watu kumi na wanane.

La kumi na tisa alilishika muda mrefu. Aliwaza pingu kwenye chuma cha kitanda. Aliwaza kanisa, Nyamai, na posa ambayo huenda siku moja ingekuja. Akalirudisha mahali pake. Alijiambia kwamba Koki amekwisha kupona, anacheka na wenzake, juzi tu alishona nguo mpya. Mama anaweza kujiambia mengi akiwa peke yake na makabati.

Chumba namba saba kiliponea chupuchupu. Barua kumi na nane zikatoka, na Alhamisi iliyofuata benchi la nje lilijaa.

Koki hakupata barua. Alisikia habari kwenye benchi la kliniki ya koo, kwa mwanamke wa Kariobangi aliyekuwa na makovu kama yake. Huyo alimwambia kuna chumba ambamo mtu anakuuliza halafu ananyamaza akungoje. Koki aliomba ruhusa kiwandani, akaja Alhamisi peke yake, amevaa ile nguo mpya. Mhudumu wa mlangoni alichukua kadi yake, akatazama wino mwekundu, akamrudishia. Alimweleza bila ubaya kwamba hii ni 929, ni ajali, na wa ajali hawana kazi humu. Koki alisema haikuwa ajali. Mhudumu akasema basi aende kumbukumbu wambadilishie, yeye hana kalamu hiyo.

Ndipo akaja dirishani kwa mama yake.

Palikuwa na foleni ya watu wanane hivi. Kulikuwa na mwimbaji wa kwaya ya kanisa lao, wanaume wa viwandani wenye fomu za kuomba mapumziko, na nyuma yao askari aliyekuja na karatasi za watu waliopigana. Koki hakupanga foleni. Alisukuma kadi chini ya wavu.

"Mwaitu," alisema, kama walivyozoea kumwita mama kwa Kikamba, "hii namba si yangu."

Mbithe alimjibu kwa Kikamba, taratibu, kwamba aende nyumbani wataongea jioni. Koki aliendelea kwa Kiswahili.

"Mimi sikukosea chupa. Nilijua ni nini. Miaka miwili nangoja mtu aniulize, na hakuna mwenye ameniuliza, kwa sababu wewe uliandika hakuna kitu ya kuuliza. Andika vile ilikuwa, waniruhusu niingie."

Sauti yake ilikuwa nyembamba, ya koo lililobanwa, lakini foleni yote iliisikia. Mwimbaji wa kwaya aliinua uso. Askari naye aliinua uso. Mbithe aliyaona macho ya hao wawili kuliko alivyoyaona macho ya mtoto wake. Akafanya jambo ambalo hadi leo akilikumbuka hushika ukuta. Alicheka, kicheko kidogo cha kuomba radhi, akawaambia watu: "Msimsikilize huyu. Ana homa tangu jana."

Watu walipumua. Mmoja akasema pole, mama. Koki alisimama pale kidogo, akitazama kadi yake upande ule wa wavu. Aliiacha kadi hapo hapo, akageuka, akatoka kwa mlango wa mbele.

Mbithe alihudumia watu watatu zaidi. Tuseme hilo nalo, maana yeye mwenyewe halifichi tena. Watu watatu, mihuri mitatu, askari akapewa karatasi zake akaenda. Ndipo alipofunga dirisha na kukimbia, viatu mkononi, kupita viwandani, kupita soko, akiwaza mambo ambayo mama hapaswi kuwaza. Nyumbani palikuwa na kufuli. Kiwandani walisema hajarudi. Aliporudi tena kwenye ploti yao ya vyumba vya kupanga, akihema, alimkuta Mbeti amesimama mlangoni kwake mwenyewe, mikono miwili imeshika miimo kama mtu anayezuia ng'ombe kutoka.

"Yuko kwangu," Mbeti alisema. "Ametulia. Usiingie sasa."

Mbithe alisema ni mtoto wake. Mbeti alikubali kwamba ni mtoto wake. Kisha akateremsha sauti.

"Safari hii amekuja kuniambia kabla, Mama Koki. Kabla. Amepita mlango wako akabisha wangu. Mimi nimefunga biashara, nitakaa na yeye."

Mbithe alikaa chini kwenye ngazi ya saruji. Kwa ndani alisikia kijiko kikigonga kikombe, na sauti ya bintiye ikieleza kitu kirefu, polepole, ikikatika na kuendelea. Miaka miwili hakuwa ameisikia ikizungumza muda mrefu vile. Alitega sikio ashike maneno, ukuta ukamnyima. Alilia hapo hapo mbele ya wapangaji wote, bila leso.

Kesho yake alifika kazini mapema na kulitoa faili la kumi na tisa. Alipiga mstari juu ya ajali, akaandika 950. Akaanza karatasi za kliniki ya koo, zilizopangwa kwa miezi, ishirini na tatu kwa hesabu. Kila moja alipiga mstari, akaandika 959, akatia sahihi na tarehe. Alikuwa anaona sahihi yake mwenyewe mara mbili kwenye kila karatasi, ya zamani na ya leo. Alipomaliza alilipeleka faili mwenyewe chumba namba saba, akamweleza Anab yote tangu Shitanda, amesimama wima kama mwanafunzi. Anab hakumkaripia. Alimuuliza tu yuko wapi Koki sasa hivi, na yuko na nani. Akachukua mkoba wake akaondoka naye kwa miguu.

Nyamai aliambiwa. Aliketi kwenye lori lake, nje ya ploti, hadi chai iliyopelekwa ikapoa mara mbili. Askari hakuja. Bwana Gichuru alimwandikia Mbithe barua ya onyo, na mwimbaji wa kwaya akabadilisha benchi kanisani. Hayo yote, aliyoyaogopa kwa miaka mitano, yalipita kama yanavyopita mambo ya watu.

Alhamisi Koki aliingia chumba namba saba saa tatu, akatoka saa tano kasoro. Jioni alikula uji wake, akasema asante, akaosha kikombe. Alikuwa anaongea na mama yake vizuri, kwa adabu, kama mtu anavyoongea na mwenye nyumba. Mbithe alikuwa amekwisha kumwomba msamaha, mara tatu. Koki alisema amesamehe, na huenda ilikuwa kweli.

Ijumaa kadi mpya za chumba namba saba zilishuka kumbukumbu ili zinakiliwe kwenye sanduku la fahirisi, kama kawaida. Ya Koki ilikuwa katikati. Mbithe aliishika kwa mikono miwili. Jina, umri, namba, siku ya kurudi. Chini yake Anab alikuwa na mstari aliouongeza mwenyewe, alioujali kuliko mingine yote: mtu wa kuitwa mgonjwa akizidiwa. Palikuwa pameandikwa kwa mkono wa Koki, herufi zimesimama vizuri kama za mama yake: Mbeti, jirani, mlango wa tano. Pembeni Anab aliandika kwa penseli: Nimemuuliza mara mbili. Amesema ni huyu.

Mbithe na familia yake walikaa mlango wa nne. Anayetoka langoni hawezi kufika wa tano bila kuupita.

Alifikiria kwamba ni kosa, halafu akajua si kosa. Alifikiria penseli inafutika. Karani mwenzake alimuuliza kama anataka dirisha lifunguliwe, maana amebadilika rangi, naye akasema hapana. Alichukua kadi tupu, akachovya kalamu, akanakili kama ilivyo: Mbeti, jirani, mlango wa tano. Akaitia sahihi yake, akaipanga kwenye sanduku mahali pa herufi ya K, akafungua faili lililofuata.